Filamu ya Tope la Pasaka

Eikō e no 5000 kiro, yaani "Kilomita 5,000 za kuufuata utukufu", ni filamu ya Kijapani iliyotoka Julai 1969 na kujulikana nje ya Japani kwa jina la Safari 5000. Iliongozwa na Koreyoshi Kurahara na ina urefu wa dakika 177. Kisa chake kinamhusu Godai, dereva wa mashindano asiye na timu ya kudumu, anayehangaika huku na huko mpaka anapopewa usukani wa gari la Nissan katika mashindano ya magari ya Safari ya Afrika Mashariki. Godai ameigizwa na Yujiro Ishihara, ambaye kampuni yake ndiyo iliyoitengeneza filamu. Yumo Ruriko Asaoka, yumo Tatsuya Nakadai, yumo Toshiro Mifune ambaye hata wasiofuatilia sinema za Kijapani wamewahi kuiona sura yake akiwa na upanga, na yumo Mfaransa Emmanuelle Riva. Majina mazito yote hayo yamefungwa kwenye mzigo mmoja, na mzigo wenyewe unapelekwa kwenye barabara za udongo za Afrika Mashariki.

Anayetafuta filamu ya Kijapani ya mashindano ya pikipiki hasa ataelekezwa kwingine, kwenye Yogoreta Eiyū, "Shujaa Mchafu", ya Desemba 1982. Hiyo ilikuwa kazi ya kwanza ya mtayarishaji Haruki Kadokawa kukaa kwenye kiti cha muongozaji, na ilitokana na riwaya ya Haruhiko Oyabu. Sura ya shujaa ni ya Masao Kusakari, lakini pikipiki inapolala kwenye kona mpaka goti linakaribia kugusa chini, aliyemo ndani ya helmeti ni Tadahiko Taira, mwendeshaji wa Yamaha aliyekuja kuwa bingwa wa Japani wa cc 500 miaka mitatu mfululizo, 1983 hadi 1985. Ni filamu ya lami safi. Kona iliyopitwa sasa hivi itarudi ileile dakika moja na kitu baadaye, haijamong'onyoka wala haijajaa maji. Mtu wa Ikolo, wilayani Kyela kusini mwa Tanzania, ataifurahia kama anavyofurahia filamu za kung fu, bila kudhani kwamba inamhusu. Kwa mwenye pikipiki wa uwanda wa Kyela, filamu inayomhusu ni ile ya magari, na sababu ni tope.

Safari yenyewe ilianza mwaka 1953 kusherehekea kutawazwa kwa Malkia Elizabeth II, ndiyo maana ikaitwa kwanza Coronation Safari. Wazo linahusishwa na Eric Cecil na binamu yake Neil Vincent, ambaye hakuwa na hamu ya kuzunguka uwanja mmoja kama ngamia wa kinu cha mafuta. Alitaka kutoka na gari, avuke nchi, kisha arudi. Mwanzoni magari yaligawanywa kwa bei ya dukani badala ya ukubwa wa injini. Kipimo hicho kina akili kuliko kinavyosikika, kwa kuwa mnunuzi wa nchi isiyo na lami anachotaka kujua ni fedha yake itamfikisha wapi. Mwaka 1960 jina likawa East African Safari, na njia zikaendelea kukata Kenya, Uganda na Tanganyika, nchi tatu katika siku chache, usiku na mchana.

Wakati wake wa kawaida ulikuwa Pasaka. Huo ndio ufunguo wa mambo yote, na mtu wa Ikolo haelezwi zaidi. Pasaka huangukia kwenye masika, na masika ya Kyela si ya mzaha: mvua inanyesha ziwani, inanyesha uwandani, inanyesha kwenye miinuko ya Rungwe, kisha Mbaka, Lufilyo na Kiwira zinayashusha maji yote hayo kuelekea Ziwa Nyasa kupitia nchi tambarare isiyo na pa kuyaficha. Mpunga hufurahi. Kakao iliyoanikwa hukimbizwa ndani mara tatu kwa siku. Njia za kati ya mashamba hugeuka mifereji, na aliyezoea kufika kwa dakika 20 hutoka asubuhi akafika mchana. Magari ya Safari hayakupita huku, lakini tope lililoyanasa ni ndugu wa tope la huku.

Tope hilo lilikuwa na hesabu zake. Mwaka 1963 yalianza magari zaidi ya 80, yakamaliza 7. Mwaka 1968 yalianza zaidi ya 90, yakamaliza 7 tena. Mara zote mbili walioshinda ni walewale, Nick Nowicki na msoma ramani wake Paddy Cliff, ndani ya Peugeot 404, gari ambalo watu wengine walilifanyia teksi. Mwaka 1965 Joginder Singh na ndugu yake Jaswant walishinda kwa Volvo iliyokwisha kutumika. Mwaka 1966 na 1967 ushindi ulikwenda Dar es Salaam kwa Bert Shankland, mzaliwa wa Scotland aliyekuwa akiishi na kufanya kazi huko, pamoja na Chris Rothwell, nao kwa Peugeot 404. Madereva wakubwa wa Ulaya walikuja na timu zao, mafundi wao na sifa zao, wakarudi bila kombe mwaka hadi mwaka. Wa kwanza kutoka nje kulichukua alikuwa Mfini Hannu Mikkola, kwa Ford Escort, mwaka 1972. Karibu miaka 20 mizima mgeni hakupata kitu mbele ya wenyeji waliojua udongo upi ni mgumu chini na upi unadanganya.

Hapa ndipo filamu ya Kurahara inapoteleza, tena kwa adabu. Inamweka Mjapani kwenye usukani na kumfanya yeye ndiye mwenye kuitafuta njia. Nissan yenyewe ilikuwa na busara kuliko filamu iliyoisifu. Ilileta magari yake kwa mara ya kwanza mwaka 1963, ikaonja tope, ikajifunza, na ilipotaka kushinda kweli iliwapa usukani watu wa Afrika Mashariki. Mwaka 1970, miezi michache tu baada ya filamu kutoka, Datsun 1600 SSS ilishinda ikiendeshwa na Edgar Herrmann, Mjerumani aliyekuwa mkazi wa Kenya, na Hans Schüller. Herrmann alirudia mwaka 1971 kwa Datsun 240Z. Mwaka 1973 alishinda Shekhar Mehta, mzaliwa wa Uganda, kwa gari la aina hiyohiyo, na Mehta huyo akaja kushinda mara nne mfululizo, 1979 hadi 1982, daima ndani ya Datsun. Mjapani wa kwanza kushinda Safari, Yoshio Fujimoto, alipatikana mwaka 1995, na gari lake lilikuwa Toyota. Godai wa kwenye filamu alikuwa amewahi kwa miaka 26.

Waliochelewa kuiona filamu ni wengi, wakiwemo Wajapani. Ishihara, aliyefariki mwaka 1987, alitaka kazi kubwa za kampuni yake zitazamwe kwenye pazia la sinema, si kwenye runinga ya sebuleni, na agizo lake likaheshimiwa. Hakukuwa na kanda ya video ya kuazima wala ya kudurufu. Ndiyo maana haikupita kwenye vibanda umiza vya Kyela wakati kila kitu kingine kilipita humo, kuanzia Wachina wa kuruka juu ya miti hadi Wahindi wa kulia mvuani. Diski zake zilitoka mwaka 2013. Kufikia hapo Safari ilikuwa imebaki mali ya Kenya peke yake tangu mwaka 1974, na vijana wa Ikolo waliozaliwa baadaye hawakuwa na habari kwamba mashindano hayo yaliwahi kukanyaga ardhi ya Tanzania.

Filamu ilifika Ikolo ndani ya laptopu ya kijana aliyekuwa akifanya kazi Mbeya, aliyekuja likizo ya Pasaka. Watazamaji kibandani walikuwa kama 12, wengi wao bodaboda waliokosa kazi kwa sababu ya mvua, na katikati yao alikaa mjomba wa huyo kijana, fundi pikipiki mwenye karakana chini ya mwembe. Hapakuwa na tafsiri ya sauti. Hata ingekuwapo isingesaidia, maana mvua ilikuwa juu ya bati na Mifune alifungua kinywa na kukifunga bila sauti kama samaki. Mambo ya mapenzi na ya vikao vya kampuni yalipita watu wakila mihogo ya kukaanga. Mmoja alilala. Magari yalipoingia kwenye udongo mwekundu, kibanda kizima kilisogea mbele.

Kuanzia hapo lugha haikuhitajika. Bodaboda walitazama matairi, hawakutazama nyuso. Walijua kabla ya dereva kwamba tairi la nyuma linakwenda pembeni. Walijua kwamba anayekanyaga mafuta palepale alipoanza kuzama anajichimbia kaburi. "Mjomba, huyu anakwama," alisema mmoja, maana mjomba wa mmoja ni mjomba wa wote. Fundi akajibu bila kugeuka, "Atapita. Hajabadili gia." Alipita. Kidogo baadaye gari lingine liliingia kwenye maji kwa kasi, maji yakaruka juu ya kioo, vijana wakashangilia, na fundi ndiye pekee aliyesikitika. Alimtazama mpwa wake. "Unamkumbuka huyo?" Wote wakacheka, kwa sababu kisa hicho Ikolo kinajulikana.

Miaka kadhaa kabla ya hapo, naye akiwa likizo vilevile, mpwa aliazima pikipiki ya mjomba kupeleka gunia la mchele barabarani, na juu ya gunia akapakia rafiki, mshikaki wa watu wawili na mzigo. Ilikuwa Aprili. Badala ya kuzunguka kwa njia ya tuta, alikata katikati ya mashamba, njia aliyoijua tangu utotoni. Mwanamke mmoja aliyekuwa ameshuka kwenye baiskeli na kuikokota pembezoni alimwambia, "Mwanangu, maji ya pale mbele kwenye mchikichi ni ya kiunoni." Alishukuru kwa mdomo, "ndaga," na mkono ukavuta mafuta. Hesabu yake ilikuwa ya mtu wa lami, kwamba kasi itamvusha kabla pikipiki haijajua kuna maji. Injini ilizima katikati. Gunia lilianguka, rafiki akaanguka juu yake, mchele ukanywa maji. Hayo yote yalikuwa madogo. Kosa kubwa lilifuata, pale alipopiga kiki mara kumi, ishirini, thelathini, kwa hasira, mpaka injini ikawaka kwa kukohoa, akaiendesha hivyohivyo hadi karakana.

Fundi hakusema neno. Alifungua nati ya chini ya injini, akaweka beseni. Oili haikutoka nyeusi wala ya dhahabu, ilitoka rangi ya chai ya maziwa, nzito, yenye povu. Hiyo ni dalili ambayo fundi yeyote huisoma mara moja: maji yameingia kupitia kichujio cha hewa na kwenye matundu ya kupumulia, yakachanganyika na oili, na kila mara pistoni ilipopanda na kushuka yalizidi kukorogeka. Oili ya namna hiyo haipaki chuma mafuta, inakiosha. Alisuuza injini kwa dizeli, akamwaga, akatia oili mpya ya bei nafuu, akaiwasha dakika chache, akamwaga tena. Mara ya tatu ndipo oili ilipotoka safi. Ringi zilipona. Gharama ya makopo matatu ya oili alilipa mpwa, na gunia la mchele lililolowa alilipa mwenyewe pia, kwa awamu.

Kupona kwa injini hiyo hakukuwa muujiza. Ilikuwa Honda CG125, pikipiki iliyobuniwa katikati ya miaka ya 1970 kwa kuwafikiria hasa waendeshaji wa nchi ambako mzigo ni mkubwa, oili hubadilishwa fundi akikumbukwa na kichujio huoshwa mvua ikipenda. Katika pikipiki nyingi za wakati huo Honda iliweka shafti ya vali juu, ikizungushwa na mnyororo mwembamba wa taiming unaotaka kutunzwa. Kwa CG waliishusha shafti hiyo chini na kuzisukuma vali kwa fimbo mbili za chuma, mtindo wa kizamani, wenye mwendo mdogo lakini usioudhika upesi. Mnyororo wa nyuma waliufunika kabisa, ukakingwa na tope. Kwa ufupi, wahandisi wa kampuni iliyokuwa imeshinda mashindano ya pikipiki ya Isle of Man tangu mwaka 1961 walikaa chini wakatengeneza chombo kisicho na haraka. Injini za namna hiyo, zikinakiliwa China, ndizo zilizoijaza Tanzania pikipiki baada ya kanuni za mwaka 2010 kuruhusu bodaboda kubeba abiria kwa leseni. Kijana wa Ikolo anayejisifia pikipiki yake ya Kichina mara nyingi amekalia wazo la Kijapani la zamani kuliko umri wake.

Baada ya kisa cha mchele, fundi alimfundisha mpwa namna ya kuvuka maji, na mafunzo hayo yanalingana ajabu na kazi ya timu za Safari. Kwanza ni kuzima na kushuka. Kisha kuvuka kwa miguu na fimbo, kwenda na kurudi, kwa sababu njia ya jana si ya leo. Timu kubwa za Safari nazo zilikuwa zikipita njia wiki kadhaa kabla, dereva akiendesha na msoma ramani akiandika kila daraja na kila bonde. Maji yakiwa chini ya ekseli, mtu hupita kwa gia ya kwanza, mwendo mmoja, bila kuachia mafuta, ili moshi uyasukume maji yasiingie kwenye eksozi. Yakifika kwenye kabureta, hakuna ushujaa: injini hubaki imezimwa, eksozi huzibwa kwa kitambaa, pikipiki husukumwa, au hupakizwa kwenye mtumbwi kama mzigo mwingine. Na ikizimikia majini haipigwi kiki. Hutolewa plagi kwanza, ndipo kiki ipigwe taratibu mpaka maji yaruke nje kupitia tundu la plagi, na oili itazamwe kabla ya jambo lingine lolote. Injini hunywa maji kwa pua, si kwa miguu. Magari ya Safari ya miaka ya baadaye yalifungwa bomba la kuvutia hewa lililopanda ubavuni hadi juu ya paa, na fundi alipoonyeshwa picha yake alicheka kwa furaha ya mtu aliyekuta mgeni anasema lugha ya kwao.

Sehemu ngumu ya mafunzo ilikuwa ya masikio. Mpwa alikuwa ameambiwa kina cha maji na mtu aliyekuwa amelowa nguo hadi kiunoni, akampita. Kyela ilikuwa nchi ya baiskeli muda mrefu kabla ya pikipiki kuenea, na mkokota baiskeli huihisi ardhi kwa mikono na nyayo, hatua kwa hatua. Habari yake ina thamani kuliko taa na honi. Nissan ililipata somo hilo la kumsikiliza mwenyeji kwa kumpa Herrmann usukani. Mpwa alilipata kwa beseni la oili.

Filamu haikuisha siku ile. Umeme ulikatika zikiwa zimebaki kama dakika 20, betri ya laptopu ilikuwa ya kizamani, na kioo kikafa magari yakiwa bado njiani. Vijana walidai kuambiwa nani alishinda. Mpwa aliwaelezea habari za Shankland wa Dar es Salaam na Peugeot yake, wakamwambia hawakuuliza hilo, wameuliza yule Mjapani. Fundi alikuwa ameshasimama mlangoni akitazama nje. Mvua ilikuwa imepungua, lakini njia yote hadi kwenye tuta ilikuwa inang'aa. Wenye pikipiki walitoka mmoja mmoja, wakakunja suruali, wakatia gia huru, na hakuna aliyewasha. Walizisukuma pembezoni, wakimfuata aliyetangulia na fimbo.